Kufuli Lenye Macho Makali

Kila jioni Nasike alikuwa na kazi mbili, kusubiri maji na kuchora. Ya kwanza aliichukia na ya pili aliipenda, kwa hiyo alizifanya pamoja. Alikuwa akipanga mitungi yake kwenye foleni ya bomba mtaani kwao Gatwekera, anakaa juu ya mmoja, anaweka karatasi magotini na kuchora chochote alichokiona mbele yake: mwanamke mwenye mtungi kichwani, mkokoteni uliokwama kwenye matope, mbwa wa fundi viatu aliyejilaza katikati ya njia kana kwamba njia ni yake, ubao mwembamba uliovuka mtaro wa maji machafu. Alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili. Mkono wake ulikuwa mwepesi kuliko ulimi wake, ingawa ulimi wenyewe haukuwa mzito.

Michoro hiyo ndiyo iliyozaa gemu. Kaka yake, Wekulo, alikuwa amesomea kompyuta katika chuo cha ufundi, na sasa alikuwa akirekebisha simu na kompyuta za watu katika kibanda chake karibu na reli. Siku moja aliuchukua mchoro mmoja wa Nasike, akaupiga picha, akauingiza kwenye kompyuta yake kuukuu na kumfanya yule mwanamke wa kwenye karatasi atembee. Nasike alipiga kelele hadi jirani akaja kuuliza kuna nini. Tangu hapo ndugu hao walifanya kazi pamoja kila walipopata nafasi, Nasike akichora, Wekulo akiandika maagizo ambayo kompyuta inayaelewa, mpaka mwaka ukapita na gemu ikakamilika. Waliiita "Maji Yamekuja".

Katika gemu hiyo, mchezaji alikuwa msichana anayebeba mtungi kutoka bombani hadi nyumbani, akikwepa mikokoteni, mbwa na mitaro bila kumwaga maji. Akisimama mahali pamoja muda mrefu, sauti ya mwanamke ilimfokea: "Wee Nasike! Maji yamekuja na wewe umesimama tu hapo kama nguzo ya stima!" Sauti hiyo ilikuwa ya mama yao, Musimbi. Wekulo aliinasa kwa simu siku moja bila mama kujua. Musimbi alipoisikia ikitoka kwenye kompyuta alitishia kumchapa mwanawe kwa mwiko, kisha akacheka mpaka akajifuta machozi kwa leso.

Gemu nyingi zinazouzwa huwa na kufuli ndani yake. Si kufuli la chuma, bali ni maagizo yaliyofichwa. Kila unapoifungua, gemu huuliza kwanza kwenye mtandao kama kweli umeinunua, na ikikosa jibu haifunguki. "Maji Yamekuja" haikuwa na kufuli. Wekulo alimwekea mnunuzi kwenye flashi, naye akaenda nayo kwake. Angeweza kuicheza bila mtandao, kuihamishia kwenye kompyuta nyingine ile ya kwanza ikiharibika, na kubaki nayo hata kama Wekulo mwenyewe angehama mtaa.

"Na wakipeana bure?" Nasike alimuuliza.

"Wengine watapeana," Wekulo alijibu. "Lakini huku kwetu nani ana bando la mtandao kila siku? Nikiifunga, nitakuwa nimewauzia watu kitu wasichoweza kukifungua."

Jibu hilo lilimtosha Nasike, hadi Jumamosi ile ya Kawangware.

Musimbi aliuza mboga za kienyeji, na Jumamosi hiyo alimchukua Nasike wakanunue murenda na kunde katika soko la Kawangware. Walipokuwa wakirudi wakipitia Gatina, huko huko Kawangware, kila mmoja na furushi lake, walisikia mtu akifoka nyuma ya pazia la kibanda cha mabati.

"Wee Nasike! Maji yamekuja na wewe umesimama tu hapo kama nguzo ya stima!"

Musimbi alisimama ghafla. Akatazama kulia, akatazama kushoto, kisha akamtazama binti yake.

"Mimi nimefunga mdomo," alisema polepole. "Sasa ni nani anayeongea kwa sauti yangu?"

Nasike alisukuma pazia. Ndani kulikuwa na giza na joto. Watoto walikuwa wamebanana kwenye mabenchi mbele ya skrini, na katika kila skrini alimwona mwanamke wake mwenye mtungi, mbwa wake, ubao wake. Ukutani palibandikwa bango kubwa lenye mchoro wa mkokoteni, ule ule ambao aliuchora na kuufuta na kuuchora tena mpaka magurudumu yakakaa sawa. Chini ya mchoro paliandikwa, kwa jina jipya: HASO YA MTAA. IMETENGENEZWA NA MUIRURI. NAKALA ZINAPATIKANA HAPA.

Damu ilimpanda Nasike kichwani. Masikio yakamwaka moto.

"Huyo Muiruri ni nani?"

Kijana mmoja mwenye kofia ya sufu aliinua macho kutoka kwenye simu yake. "Ni mimi. Niaje, mtoi? Unataka kucheza ama unataka nakala?"

"Hiyo gemu ni yetu! Mimi ndiye niliyemchora huyo mbwa! Mkokoteni ni wangu! Toa jina lako hapo!"

Muiruri alicheka. Musimbi, aliyekuwa amesimama mlangoni, aliweka furushi lake chini na kufoka, "Wewe kijana! Mtoto anakuambia kitu cha maana na wewe umekaa tu hapo unacheka!"

Mtoto mmoja mdogo alitazama skrini, akamtazama Musimbi, akatazama skrini tena. "Ni yule mathe wa kwa gemu!" akasema, na wenzake wakaanza kupiga kelele, "Ni yeye! Ni yeye!"

Mtu mwenye haya angeona haya wakati huo. Muiruri hakuona.

"Sawa, mathe, sauti ni yako," alisema. "Kwani nimewavunjia mlango? Mtu aliniletea kwa flashi, nikaifungua, ikafunguka. Haikuniuliza swali hata moja. Kitu hakina kufuli, kitakuwaje na mwenyewe? Kama mlikuwa mnaipenda sana, mngeifunga. Sasa mnanizibia mlango, na niko kazini."

Nasike alitaka kumrukia. Mama yake alimshika mkono, wakatoka. Njia nzima Musimbi alisema maneno mengi kwa Kiluhya, na Nasike hakusema hata moja. Alikuwa akiyaweka yote kwa ajili ya kaka yake.

"Weka kufuli!" alimwambia Wekulo kabla hata hajavuka kizingiti cha kibanda. "Leo! Sasa hivi!"

Wekulo aliposikia yaliyotokea alikunja uso. Kesho yake alikwenda Gatina mwenyewe, akarudi na jibu lile lile na tusi juu yake. Hata hivyo kufuli bado hakulitaka.

"Nasike, wafikirie walionunua. Mwalimu Sella ana zile kompyuta kuukuu kwenye ukumbi wa kanisa pale Soweto West. Mtandao wao leo uko, kesho hauko."

"Mwalimu Sella si mwizi. Kufuli halitamsumbua."

"Kufuli halijui mwizi ni nani."

"Unaogopa tu! Kwa sababu si wewe uliyechora! Si mkono wako uliobandikwa pale ukutani na jina la mtu mwingine chini yake!"

Maneno hayo yalimchoma Wekulo. Alizungusha bisibisi vidoleni. Kwa kweli naye alikuwa na hasira, tena ile ya mtu aliyechekwa mbele ya watoto.

"Haya," alisema hatimaye. "Chora hilo kufuli."

Nasike alilichora jioni hiyo hiyo, na hakuwahi kuchora kitu kwa ghadhabu namna ile. Lilikuwa kufuli jeusi lenye macho makali mekundu, nyusi zilizogongana katikati na meno nje. Kila alipoongeza mstari, alimwona Muiruri akifungua gemu na kukutana na macho hayo. Chini yake aliandika: MWIZI HAPITI HAPA.

Wekulo alitengeneza toleo jipya la gemu. Aliongeza hatua ya kuvuka reli ili watu walitamani, kisha akawatangazia wote walionunua kwamba watabadilishiwa bure. Toleo jipya likiingia, la zamani lilifutika. Watu walikuja wakishukuru. Nasike mwenyewe alipeleka flashi ukumbini kwa Mwalimu Sella na kumkabidhi mkononi. Kuhusu kufuli, hawakumwambia mtu yeyote.

"Tukisema, habari zitamfikia Muiruri," Nasike alimwambia kaka yake, naye Wekulo akaacha iwe hivyo.

Jumamosi iliyofuata alimsihi mama yake waende tena sokoni. Walipofika Gatina alitangulia mbio hadi kwenye pazia, moyo ukimdunda kwa furaha chungu. Alitega sikio.

"Wee Nasike! Maji yamekuja..."

Aliingia ndani kama upepo. Skrini zote zilikuwa zikicheza. Muiruri alimwona, akatabasamu.

"Umerudi, mtoi? Nasikia mna toleo jipya. Wacha nikae na hili langu la zamani. Linanitosha."

Bila shaka. Kwa nini Muiruri angeleta flashi yake ibadilishwe? Jambo hilo, ambalo mtoto wa darasa la chini angeliona, Nasike hakuwa ameliona. Hasira ilikuwa imemzibia macho. Alirudi nyumbani akipiga teke kila kopo la njiani.

Jumatatu, baada ya shule, bado alikuwa amefura. Aliona afadhali aende ukumbini Soweto West, ambako Jumatatu ilikuwa siku ya chama cha kompyuta. Watoto wakimaliza mazoezi yao waliruhusiwa kucheza, na wengi walipenda kumwita "Msanii" na kumuuliza alivyochora hiki na kile. Alitarajia kelele. Alikuta kimya.

Kwenye kila skrini, kuanzia dirishani mpaka mlangoni, kufuli jeusi lilikuwa limekodoa macho mekundu. MWIZI HAPITI HAPA. Na mbele ya kila kufuli aliketi mtoto, mikono magotini.

Maurice, mvulana wa darasa lake, alimwona wa kwanza. Aliinuka kwa kishindo, benchi nusura lianguke.

"Nani mwizi?" aliuliza.

"Si wewe, Maurice. Hiyo ni ya..."

"Ni mimi lilikuwa linaniangalia! Nimekaa hapa, nimefungua, likaniambia mimi ni mwizi mbele ya watu wote! Nilikuwa nimebakisha hatua moja tu. Nikamleta mdogo wangu aone nikimaliza. Muone!"

Msichana mdogo aliyekuwa pembeni yake alikuwa amejificha uso kwenye mkono wa sweta. "Toa hiyo kitu," alisema kwa sauti ya kilio. "Inanitisha."

Mwalimu Sella alitoka kwenye chumba cha nyuma. Hakuwa mtu wa kupaza sauti, na hata siku hiyo hakuipaza. Ndiyo maana ilitisha zaidi.

"Mtandao wetu umekatika tangu wiki iliyopita," alisema. "Wazazi wa watoto hawa walichanga, tukanunua kitu kinachofunguka. Mkaja mkakichukua, mkatuachia kisichofunguka, na hamkutuambia. Ukimfanyia mtu hivyo, Nasike, unaitwaje?"

"Mwalimu, si makosa yetu! Ni Muiruri, yule wa Kawangware! Ameiba gemu yetu, ameandika jina lake, anauza!"

"Muiruri yuko wapi katika chumba hiki? Nionyeshe."

Nasike alitazama mabenchi. Nyuso zote zilimtazama, na hakuna hata moja aliyoweza kuinyooshea kidole.

"Na huyo Muiruri, gemu yake inafunguka?"

"Inafunguka," Nasike alisema.

"Sawa. Aliyeiba anacheza, na aliyenunua anaitwa mwizi." Mwalimu Sella alianza kuzima kompyuta, moja baada ya nyingine. "Nendeni nyumbani, watoto. Leo hakuna mchezo."

Nasike alikimbia. Alimkasirikia Mwalimu Sella kwa kumwaibisha, akamkasirikia Maurice kwa kupiga kelele, akamkasirikia hata yule mtoto kwa kulia. Lakini alipofika kwenye reli hasira hiyo ilikuwa imekosa mtu wa kumwangukia, ikamrudia mwenyewe. Aliingia kibandani akihema.

"Fungua gemu," alimwambia Wekulo.

"Kwa nini?"

"Fungua tu!"

Wekulo aliifungua. Bando lake lilikuwa limeisha tangu asubuhi. Kompyuta ilifikiri kidogo, kisha kufuli likatokea na kuwakodolea macho wote wawili, yeye aliyelichora na yeye aliyelitengeneza.

Wekulo alipiga meza kwa ngumi, bisibisi zikaruka. "Hata sisi! Hata sisi wenyewe!"

Nasike alimweleza ya ukumbini, kila neno, bila kujipunguzia. Alipomaliza alikuwa akilia, na hakujua kama ni kwa huzuni au kwa ghadhabu.

"Mimi ndiye niliyekulazimisha," alisema.

"Nilijua litakuwa hivi, na bado nikaliweka," Wekulo alisema. "Nami nilitaka kumwona yule jamaa akiumia. Usibebe peke yako."

Siku hiyo Wekulo aliling'oa kufuli. Kuanzia kesho yake walizunguka kwa kila aliyenunua, mlango kwa mlango, na safari hii walisema ukweli: tuliifunga bila kuwaambia, tulikosea, hii hapa iliyo wazi. Wengine walicheka wakasema hawakuwa hata wamegundua. Mama mmoja wa Nyayo Highrise alikuwa amekasirika hasa, akataka kurudishiwa pesa zake, nao wakamrudishia. Maurice alipokea flashi mlangoni kwao, akafunga mlango.

Mwalimu Sella walimwendea mwisho, kwa kuwa ndiye waliyemwogopa zaidi. Aliijaribu gemu kwanza, mtandao ukiwa bado umekatika. Ilipofunguka aliwatazama.

"Asanteni. Lakini na Muiruri hamjamalizana naye."

"Tufanye nini, Mwalimu?" Wekulo aliuliza. "Kufuli halikumgusa, na maneno hayamwingii."

"Mimi ninaishi Gatina. Watoto wa ploti yetu ya nyumba za kupanga wamenunua gemu yake, na wote wamekwama sokoni. Unakumbuka ile hatua ya sokoni iliyokuwa ikiganda, nikakulalamikia, ukaja ukairekebisha siku hiyo hiyo? Yeye bado ana ile mbovu. Mjukuu wa Mama Wakarima analia kila jioni. Mama Wakarima ndiye mwenye ploti yetu, na ndiye mwenye kile kibanda cha Muiruri pia. Kesho anakwenda kumwuliza. Nimemwambia ninawajua wanaoweza kumsaidia."

Kesho yake jioni walikwenda pamoja. Mama Wakarima alikuwa mwanamke mnene mwenye kitambaa kichwani, na alitembea akiwa amemshika mjukuu wake mkono kama mtu anayepeleka ushahidi mahakamani. Alifunua pazia bila kubisha hodi.

"Muiruri, umemuuzia mjukuu wangu kitu kibovu. Kitengeneze."

"Shosho, kompyuta yake ndiyo mbaya," Muiruri alisema kwa upole ambao Nasike hakuwa ameuona.

"Hata hapa inaganda, shosho!" mtoto mmoja alidakia kutoka kwenye benchi. "Ukifika tu sokoni, kwisha. Alituambia atarekebisha, hajarekebisha!"

"Ni kweli! Kila siku anasema kesho!" wengine waliongezea.

Mama Wakarima alilisoma bango ukutani polepole, kisha akajivutia kiti akaketi. "Hapa imeandikwa ni wewe uliyeitengeneza. Basi haitakuwa kazi ngumu. Nangoja."

Muiruri aliketi mbele ya kompyuta. Alibonyeza hapa, akabonyeza pale. Aliizima akaiwasha. Gemu ilikwenda vizuri mpaka sokoni, ikaganda. Alivua kofia yake ya sufu akajifuta nayo paji la uso. Watoto walianza kuchekelea.

"Siwezi," alisema kwa sauti ya chini.

"Huwezi kwa nini?"

Muiruri aliikunja kofia yake mkononi. Nasike alikuwa amesimama karibu na mlango na flashi ikiwa imefumbatwa kwenye ngumi yake. Hasira ilikuwepo, yote, lakini safari hii aliyeisababisha alikuwa ameketi mbele yake. Alisogea mpaka kwenye kiti cha Muiruri.

"Mimi najua kwa nini inaganda, na dawa yake ninayo hapa. Lakini kwanza sema mbele yao. Hii gemu ni ya nani?"

Muiruri alimtazama Mama Wakarima. Mama Wakarima hakumtazama kwa huruma.

"Ni ya huyu msichana na kaka yake."

"Tuna majina."

"Nasike. Na Wekulo."

"Na sauti?"

"Ya mathe wenu."

"Anaitwa Musimbi," Nasike alisema. "Sema."

"Musimbi," Muiruri alisema, akainuka mwenyewe na kulibandua bango.

Mama Wakarima alitoa masharti yake bila kupandisha sauti. Muiruri angempa Wekulo haki yake katika kila nakala aliyokwisha kuuza, na kuanzia siku hiyo asiuze nyingine bila ruhusa ya Wekulo. Akiona hilo ni gumu, atafute ploti nyingine.

Muiruri aliitikia kwa kichwa. Halafu akamgeukia Nasike, akasema kama mtu anayelalamika, "Nasikia mliweka kufuli. Si mngetosheka nalo, badala ya kuja kuniaibisha?"

"Lile liliwafungia watoto," Nasike alimjibu. "Wewe halikukufungia."

Wekulo alimvuta dada yake kando. "Na hawa walionunua kwa Muiruri? Hawajatulipa sisi."

Nasike alimtazama mjukuu wa Mama Wakarima, aliyekuwa akiikodolea flashi macho makubwa. Wiki moja nyuma angejibu upesi na vibaya. "Walilipa," alisema. "Hawakujua wanamlipa nani. Hilo ni la Muiruri, si lao." Wakawabadilishia wote, mmoja mmoja, mpaka kibanda kikajaa vifijo vya watoto waliofika ng'ambo ya soko.

Walipotoka nje, Mwalimu Sella aliwasindikiza hadi barabarani. Nasike alikuwa kimya.

"Sema," Mwalimu alimwambia. "Wewe ukinyamaza ninaogopa."

"Bado nina hasira naye. Na kesho mwingine atainakili tena, auze. Si kweli?"

"Ni kweli," Wekulo alijibu kabla ya mwalimu. "Wapo watakaofanya hivyo. Hatutapata pesa ambazo tungepata."

"Sitawadanganya kwamba haitauma," Mwalimu Sella alisema. "Ukimpa mtu gemu isiyo na kufuli, umemwamini. Wengi watakutunzia imani hiyo, wachache watakufanyia kama Muiruri. Lakini kufuli lenu liliwaumiza wale wengi, na yule mmoja likampita. Nasike, hasira yako haikuwa mbaya. Mtu akiiba kazi ya mkono wako, kasirika, tena simama umwambie kama ulivyosimama leo. Ila kabla hujaitupa hiyo hasira, tazama kwanza aliye mbele yako ni nani. Na kitu ulichokwisha kumuuzia mtu, usikibadilishe kwa siri. Huko nako ni kumwibia."

Nasike alitazama chini. "Maurice haongei na mimi."

"Umemwomba msamaha?"

"Nilimpelekea flashi."

"Flashi si msamaha. Aliitwa mwizi mbele ya watu. Ukaseme mbele ya watu hao hao."

Jumatatu iliyofuata, ukumbi ulipojaa, Nasike alisimama mbele ya mabenchi yote.

"Lile kufuli nililichora mimi," alisema. "Na yale maneno niliyaandika mimi. Hakuna mwizi hapa. Maurice si mwizi. Nyote mlinunua gemu yenu, na mimi nikawafungia kwa sababu nilikuwa na hasira na mtu mwingine. Nisameheni."

Hakuna aliyepiga makofi. Maurice aliendelea kutazama skrini yake kwa muda, vidole vikiwa juu ya vitufe. Kisha alimsukuma kidogo mdogo wake, akajisogeza, nafasi ya mtu mmoja ikapatikana kwenye benchi.

"Kaa," alisema bila kugeuka. "Nimekwama hapa kwa reli, na ni wewe uliyeichora."